Nimeachiwa PS, kila mtu anisifia gemu yake, mimi hakuna inayonikaa

Assalaam alaykum Mama Mkubwa,

Natumai u mzima na wa nyumbani wazima. Mimi ni msomaji wako wa siku nyingi na wallahi sikudhani iko siku ntaandika mimi, tena si mambo ya mume kutoka nje wala mawifi, ni mambo ya gemu. Ukicheka cheka tu, hata mimi nimecheka nikianza kuandika.

Nina miaka 34, nina mtoto mmoja wa kike wa miaka 4, twakaa Tudor hapa Mombasa, na kazi yangu ni duka la dawa huko mjini. Zamu ziko mbili lakini mimi hupewa sana ile ya jioni, twafunga saa nne usiku, nashika tuktuk, hadi nifike nivue viatu ni saa tano kasorobo. Mtoto ashalala, mume ama amelala ama yuko baraza na wenzake, na mimi ndo usingizi hauji manake kichwa bado kiko kaunta, bado naskia watu wabishana na mimi bei ya dawa. Hapo nna kama saa moja ya peke yangu. Saa moja Mama Mkubwa, katika siku nzima.

Sasa mwaka jana kakangu alipata kazi Doha, akaniachia PS4 yake, yaani PlayStation, ile mashine ya gemu ya kuunga na tivi, na padi mbili za kushika mkononi, akanambia dada we chukua, itakupumzisha kuliko kushika simu usiku kucha. Nilifurahi sana, kwa sababu utotoni gemu nlikuwa nazitamani ila vibanda vya PS vilikuwa vya wavulana, sisi wasichana twapita nje twachungulia tu. Kitu pekee nlichowahi kucheza mimi ni brick game, ile ya mkononi ya matofali yanayoshuka, nlinunuliwa na marehemu babangu nikiwa darasa la nne, na hiyo nliicheza mpaka maandishi ya vibonye yakafutika. Nlikuwa naicheza chini ya shuka, sauti nimezima.

Basi nikaanza na gemu aliyoiwacha kakangu ndani ya mashine, ya bunduki, zile ambazo wewe mwenyewe huonekani, waona mikono na bunduki tu. Dakika kumi nikaskia kichefuchefu, nikalala chali kama mtu aliyeshuka dau wakati wa kusi. Siku ya pili nikajaribu tena, vile vile. Nikaitoa.

Binamu yangu, yeye akaa Bamburi peke yake, kijana, akanambia we hujaanza gemu mpaka ucheze Elden Ring, hiyo ndo gemu ya magemu. Nikatafuta diski ya mtumba, 4,000. Mama Mkubwa, pale mwanzoni kabisa kuna askari yuko juu ya farasi, dhahabu tupu mwili mzima, huyo askari ameniua mimi wiki mbili. Na haisimami! Mtoto akiamka ataka maji, nikiweka padi chini nikirudi nshakufa. Binamu asema ndo raha yenyewe, wafa wajifunza. Mimi nikitoka kazini sitaki kujifunza kwa kufa.

Halafu kuna mwenzangu wa kazini akanisifia The Witcher 3, stori yake asema hakuna mfano. Nikanunua tena, 2,500. Na kweli stori ni tamu, kwanza ile ya mwanamume amtafuta binti yake, iliniingia. Lakini mimi nacheza leo, halafu nikipata zamu mbaya sichezi siku tano, nikirudi sikumbuki huyu nani, nlikuwa naenda wapi, kibonye cha kupiga ni kipi. Siku moja nimecheza saa nzima sikusevu, yaani sikuhifadhi nilipofika, stima ikapotea, kwisha. Siku nyingine mtoto katoka chumbani kimya kimya kanisimamia nyuma, na pale kwenye skrini kuna mtu anakatwa kichwa. Akaniuliza mama yule ataumwa? Nikaizima nikakaa tu.

Mume wangu sasa. Mume alipoona nimeanza gemu alifurahi kuliko mimi, akaja na FC, gemu ya mpira, akasema haya sasa tumepata kitu chetu sisi wawili. Mechi ya kwanza kanifunga saba bila. Ya pili nne bila na asema alikuwa ananihurumia. Yeye na wenzake Jumamosi waja kwangu, sebule yageuka uwanja, na mimi ndo mpika viazi karai. Nikimwambia mpira sitaki ananambia kwani lazima ucheze peke yako gizani kama mwizi? Na mavyaa wangu juzi kaja kaniona na padi, akasema "mama mzima wachezea vidude vya watoto", na akasema kwa kucheka lakini wajua ule wa kucheka.

Nshatumia karibu 7,000 na hakuna hata gemu moja nlioimaliza, wala nlioipenda. Kila mtu asema zake ndo nzuri na mimi zote hazinikai, sasa nafikiria labda mimi ndo sina akili ya gemu, ama nshazeeka, umri wangu umepita. Mume asema tuiuze. Nichague gemu gani Mama Mkubwa, ama nijilazimishe tu huo mpira ili nyumba ikae sawa? Nisaidie.

Wako,
Mwenye PS ya Kuachiwa, Tudor


Mama Mkubwa ajibu:

Waalaykum salaam mwanangu. Sikucheka. Haya, nlicheka pale kwa askari wa farasi, kwa sababu huyo namjua, amemtesa mjukuu wangu mpaka akatupa padi ukutani na padi nikainunua mimi.

Pengine hujui, lakini kabla sijaanza kujibu barua za watu mimi nlikuwa na kibanda cha PS pale Majengo. Enzi za PS2, tivi mbili za mgongo, mechi shilingi kumi, na mimi nimekaa mlangoni na kibeti changu naangalia nani ameongeza mechi bila kulipa. Kucheza nlicheza kidogo, kutazama nlitazama miaka. Na wasichana kama wewe waliokuwa wakichungulia nliwaona, sikuwahi kuwaambia ingieni. Hilo hunijia mara moja moja, na barua yako imenileta tena hapo.

Nirudie maneno yako nione kama nimekuelewa. Una saa moja, karibu na usiku wa manane, miguu imechoka na kichwa ki macho. Wataka kitu cha kukishusha hicho kichwa. Umepewa mashine na mtu anayekupenda, ukaenda kuuliza watu wengine watatu mashine hii itiliwe nini, kila mmoja akakupa anachokipenda yeye, na chote kimekukataa. Sasa umetoka na hukumu kwamba mwenye kasoro ni wewe. Halafu pembeni, na hili umeliandika kama si kubwa lakini ndo lililojaza karatasi, kuna mume ambaye ataka mcheze pamoja na wewe hujui kama kumkatalia mpira ni kumkataa yeye.

Tuanze na hiyo hukumu. Huyo binamu yako wa Bamburi anacheza saa ngapi? Kijana akaa peke yake, hakuna mtu anamuomba maji, akifa mara thelathini ni usiku wake na kesho atalala hadi saa nne. Elden Ring imetengenezwa makusudi vile, ugumu wake ndo utamu wake, na ni kweli haina pa kuisimamisha kama gemu zingine, hilo halijaharibika, waliotengeneza walitaka hivo. Ni kama pilipili mbuzi. Yuko mtu hali wali bila hiyo, na wewe ukiitia mdomoni ukatoka machozi hakuna atakayesema huna akili ya kula. Yule mwenzako wa kazini naye hakukudanganya, The Witcher 3 stori yake watu waisifu tangu ilipotoka 2015, ila ni gemu ya masaa hamsini hadithi kuu peke yake, ukitaka na pembeni zake ni zaidi ya mia. Kwa saa moja yako, na siku tano ukikosa, hiyo ni hadithi ya kusikiliza mwaka mzima kwa vipande. Wako wanaoweza. Yeye aliiweza pengine kwa sababu aliicheza likizo.

Kuna Muingereza mmoja, Richard Bartle, yeye ni katika wale wawili waliotengeneza moja katika gemu za mwanzo za watu wengi kucheza pamoja kwa kompyuta, mwaka 1978 huko chuo kikuu cha Essex, ilikuwa maandishi matupu haina hata picha. Mwaka 1996 akaandika kwamba wachezaji aliowaona ni wa namna nne, kuna atafutaye alama na kupanda leveli, kuna atafutaye kujua kila pembe ya ile dunia, kuna aliyekuja kwa ajili ya watu, na kuna aliyekuja kumtesa mwenziwe. Mimi niliposomewa hayo nikasema loo, huyu alikaa kibandani kwangu? Nenda baraza yoyote ya keram Mji wa Kale utawaona wote wanne, yuko ahesabu pointi kwa kidole, yuko ataka kujua mbona striki ya pembeni imerudi vile, yuko hajui hata zamu ya nani, yeye kaja kahawa na maneno, na yuko ambaye raha yake ni kukuona umenuna. Mume wako nampa la tatu, na hilo la nne kidogo, manake saba bila kwa mtu aliyeshika padi mara ya kwanza, mh. Sikuambii ujitie kwenye kijisanduku, mtu hubadilika hata kwa saa, wewe wa Jumapili mchana si wewe wa saa tano usiku. Lakini wakati mwingine mtu akikusifia gemu muulize kwanza yeye imempendezea nini, jibu lake litakwambia mambo mengi kuliko ile sifa.

Na wewe je? Barua yako nzima kuna gemu moja tu uliyoizungumza kwa mapenzi, na hukuihesabu. Ile ya babako.

Brick game ile ya matofali yanayoshuka ni mtoto wa Tetris, aliitengeneza Mrusi aitwa Alexey Pajitnov mjini Moscow mwaka 1984, na mpaka leo haijazeeka. Haina stori, huhitaji kukumbuka ulifika wapi wiki iliyopita, kitu kinashuka wakipanga kinaondoka. Ulicheza chini ya shuka sauti umezima, mwanangu, yaani tangu darasa la nne wewe ni mtu wa gemu ya usiku, kimya, peke yako. Sasa hapo mumeo akisema kama mwizi gizani, pengine kwako hilo giza ndo nusu ya raha. Ingawa na mimi nijiulize kidogo, wewe mchana kutwa wapanga maboksi ya dawa rafuni, je usiku wataka kupanga tena? Kuna mtu kitu kile kile kikiwa hakina bosi ndo kinampumzisha, na kuna mtu akiona boksi tena atalia. Hilo mimi siwezi kukujibia, wewe ndo wajijua.

Kichefuchefu kwanza nikitoe njiani, nisije nikakisahau. Hicho si udhaifu wala umri. Macho yako yanaona unakimbia na masikio yako, mle ndani kwenye mizani ya mwili, yanasema umekaa kwenye kiti, na hawa wawili wakibishana tumbo ndo linalolipa, kama vile bahari, umesema mwenyewe dau. Gemu zile za mikono na bunduki ndo mbaya zaidi kwa hilo. Wengine huwasaidia kukaa mbali na tivi, kuacha taa moja inawaka, na kuingia kwenye mipangilio ya gemu wakazima ile skrini kutikisika wakapanua upana wa kuona kama gemu yenyewe inaruhusu. Wengine haiwasaidii kitu. Gemu ambazo unamuona mtu wako kutoka juu ama kutoka ubavuni kwa kawaida hazina taabu hiyo, na ziko tele.

Sasa wataka nikutajie. Ntakutajia ila usinichukulie kama binamu.

Ile Tetris yenyewe iko kwa PS4, iitwa Tetris Effect, ya 2018, matofali yale yale ila na muziki na mataa yanakwenda na mkono wako, na ndani yake kuna namna ya kucheza ambayo hata yakijaa mpaka juu hufi, yanajisafisha tu waendelea. Kwa saa ile ya kaunta bado iko kichwani naona inafaa. Taabu yake ni kwamba ukishaizoea waweza kusema hii ni brick game ya bei ghali, na hutakuwa umekosea sana.

Kuna Stardew Valley, ya 2016, mtu amerithi shamba la babu yake, analima, anafuga, anavua samaki, anajuana na watu wa kijijini. Aliitengeneza mtu mmoja, Eric Barone, peke yake, miaka minne na zaidi, na ishauzwa nakala zaidi ya milioni 40. Siku moja ya shamba ni kama dakika kumi na nne za saa yako ya ukutani, ukifungua mfuko wako wa vitu yote inasimama, mtoto apate maji yake kwa raha. Ila isikilize vizuri hii, haisevu mpaka mtu wako aingie kitandani alale, kwa hivo stima ikipotea mchana wa shamba hiyo siku imekwenda, dakika kumi na nne tu lakini imekwenda. Na hatari yake kubwa si hiyo. Hatari ni kwamba siku ikiisha inaanza nyingine, na wewe wasema hii moja tu niangalie nyanya zimeota, halafu waskia adhana ya alfajiri. Nimeona mtu mzima na akili zake amefika kazini na macho mekundu kwa ajili ya tikitimaji la kwenye tivi. Kama utaiingia weka alamu ya simu chumba kingine, itakulazimu uinuke.

The Witcher 3 nayo usiitupe bado, kwa sababu ulisema stori ilikuingia na ulikuwa umepata kitu pale. Ina ngazi ya urahisi ya wale waliokuja kwa hadithi tu, vita unapita kama unachapa mbu, na inakubali kusevu karibu popote mradi hupigani, uwe unasevu kama unavyofunga mlango. Wako wanaoweka kidaftari, mistari miwili kabla ya kuzima, niko wapi naenda wapi. Lakini gemu ile Ulaya imewekewa alama ya miaka 18, na mtoto wako anatembea usiku kama paka. Hiyo ya kichwa haitakuwa ya mwisho. Labda siku alizolala kwa bibi yake.

Stima tena, manake wewe na mimi twaijua. Ile PS4 kuilaza badala ya kuizima ni raha, waamka pale pale ulipoacha, ila umeme ukikatika imelala ile ulichokuwa hukusevu kimekwenda. Watu huweka UPS ndogo, kile kiboksi cha betri kinachoshika umeme ukikatika, haikupi usiku mzima, yakupa zile dakika za kusevu na kuzima kwa heshima. Ni pesa tena, najua.

Na kabla hujatoa pesa kwa diski yoyote, tazama kwanza nusu saa ya mtu anaicheza kwenye YouTube, si wale wanaopiga kelele na kusifu, yule anayecheza tu kimya. Ukiona mikono yako inawasha hiyo ni dalili. Uangalie na masaa yake, kuna tovuti ya HowLongToBeat wachezaji wenyewe huandika gemu gani iliwachukua masaa mangapi. Diski zako mbili bado zina bei, ama mpe binamu moja naye akupe yake, mbadilishane kwa muda, yeye si ndo mwenye sifa.

Sasa mume. Hapa nataka nikuulize pole pole. Wewe umesikia "cheza mpira". Mimi nimesoma barua yako mara mbili na nimesikia "haya sasa tumepata kitu chetu sisi wawili". Yale maneno ya kwanza na haya ya pili huenda si kitu kimoja. Mtu anayekaa baraza mpaka saa tano, na mkewe anayerudi saa tano, nyinyi mwaonana saa ngapi? Labda mpira ndo njia anayoijua yeye ya kukaa karibu na mtu, wanaume wengi nliowaona kibandani walikuwa hawawezi kukaa ubavu kwa ubavu na rafiki yao bila kitu cha kuangalia mbele. Labda naye ataka tu mtu wa kumfunga, siwezi kuapa, mimi sijamuona.

Kama ni hilo la kwanza, njia ziko. Ile FC kwani lazima muwe dhidi ya mwenzio? Padi mbili, chagueni upande mmoja, mpinzani awe mashine, saba bila ziwe zenu wote. Bado ni mpira, na kama mpira wenyewe ndo hautaki itakuchosha mechi ya tatu, mwambie. Kuna It Takes Two ya 2021, hiyo huwezi kuicheza peke yako kabisa, lazima wawili, ilichaguliwa gemu bora ya mwaka ule kwenye The Game Awards, na hadithi yake, usishtuke, ni mume na mke wanaotaka kuachana wakageuzwa wanasesere. Inataka wote wawili wajue padi kidogo na inataka siku kadhaa, na mmoja akichoka katikati mwenzake hawezi kuendelea. Kuna Overcooked, mnapika pamoja jikoni kunakowaka moto, hiyo naipenda lakini ntakwambia ukweli nimeona ndoa ikitetereka dakika ya nne kwa sababu ya mtu hakukata vitunguu. Hata ile Stardew mwaweza kugawana skrini mkalima wote wawili, sijui yeye atasemaje akiambiwa amwagilie kabichi.

Na pengine hutaki hata moja katika hizo, wataka saa yako ibaki yako. Hilo nalo ni neno, na unaweza kumwambia bila kumkataa, ila utapaswa kuligawa, saa hii ni yangu na ile ni yetu, na ukitaja ile ya "yetu" iwe na siku yake, isiwe maneno. Hatari ya kunyamaza nawe ukacheza mpira kwa meno ni kwamba utaanza kuichukia mashine, halafu mpira, halafu zile viazi karai, na yeye hatajua kosa lake. Hatari ya kujifungia na shamba lako usiku kila siku ni kwamba atazidi kukaa baraza na atasema kwani si wewe uliyeanza kunifungia mlango. Kati ya hapo na hapo mimi sikuchagulii, sebule ni yenu. Jumamosi na ule umati nalo ni suala lake mbali, nani anapika na nani anaosha, usilichanganye na gemu.

Mavyaa, mh. Yeye jioni aangalia nini? Nakisia kuna tamthilia ya Kituruki hapo ambayo mtu akipita mbele ya tivi ni vita. Sisemi ni mbaya, watu wa umri wetu tulifunzwa mwanamke akikaa mikono yake iwe inasuka ama inachagua mchele. Siku moja akija mpe padi ya pili, uweke yale matofali. Aweza kukataa na kukuona umemkosea adabu, wamjua wewe. Aweza pia kukaa mpaka magharibi.

Kuuza pia ni njia, sisemi si njia. Ila ukiuza kwa sababu humpati mtu wa kukwambia gemu ipi, baada ya miezi miwili utakuwa na hiyo saa moja na simu mkononi, na zawadi ya kakako iko kwa mtu mwingine. Ukiuza kwa sababu umekaa ukaona ile saa waitaka ya kulala, ya kuswali, ya kukaa roshani na upepo, hiyo ni habari nyingine kabisa na mashine haitakulilia.

Niandikie umeishia wapi. Na ile saba bila isikukere, mimi mwenye kibanda nlifungwa kumi na moja na mtoto wa darasa la tano, na mechi yenyewe alikuwa hajanilipa.